Dereva wa Kompyuta ya Ikongwe

Shule ya sekondari ya Ikongwe imekaa begani mwa mlima, juu ya mji wa Same, pale ambapo barabara ya kupanda Mbaga huanza kujikunjakunja. Asubuhi ukungu hushuka mpaka madirishani na wanafunzi huandika wakiwa wamefunga sweta hadi kooni, ilhali huko chini tambarare imeshaanza kuchomwa na jua na mashamba ya mkonge yamelala bila wakataji. Wazazi waliijenga wenyewe, kwa mawe na mchanga wa kubeba kichwani, katika miaka ile ambayo kila mtu aliachiwa ajitafutie. Kahawa ilikuwa imeanza kununuliwa na watu binafsi, mashamba ya umma yalikuwa yakiuzwa, na neno "kupunguzwa" lilitajwa majumbani kwa sauti ya chini, kama watu wanavyotaja ugonjwa wa jirani.

Irine alikuwa miongoni mwa waliopunguzwa. Alizaliwa Ngujini, kule Ugweno, na kwa miaka mingi alikuwa mpiga chapa katika ofisi ya shamba moja la mkonge. Mbele ya taipureta mama huyu hakuwa na mpinzani. Vidole vilikimbia vyenyewe huku macho yake yakiwa dirishani, na meneja alizoea kusema kwamba barua ya Irine haihitaji kusomwa mara ya pili. Kisha shamba likapata mwekezaji, mwekezaji akaja na watu wake, na Irine akajikuta nje. Mumewe alikuwa amekwisha kufariki. Aliyebaki naye ni binti yao, Brightness, ambaye alikuwa amefaulu vizuri darasa la saba lakini nafasi katika shule ya serikali hakuipata.

Basi aliposikia kwamba Ikongwe wanatafuta mpiga chapa, na kwamba mtoto wa mfanyakazi husoma pale bila ada, alipanda mlima siku ile ile. Alisailiwa na watu wawili. Mmoja alikuwa Mkuu wa Shule, Mwalimu Sadock, mtu mrefu, nadhifu, mwenye digrii yake na asiyependa isahauliwe. Wa pili alikuwa mwenyekiti wa bodi, Mzee Eliufoo, mkulima wa kahawa aliyesikia vizuri kwa sikio la kulia na vibaya kwa la kushoto. Wakamwuliza juu ya taipureta, akajibu kwa vidole. Wakamwuliza juu ya utunzaji wa mafaili, akajibu bila kigugumizi. Mwisho Mkuu akakumbuka kwamba usharika rafiki wa kanisa huko Ujerumani ulikuwa umeahidi kuletea shule kompyuta. Akauliza kama kompyuta anaifahamu.

Irine alimwona Brightness akilini, amekaa kizingitini na madaftari yasiyokuwa na darasa. Akajibu, "Naifahamu, Mkuu."

Na kweli aliifahamu, kama mwananchi anavyomfahamu mkuu wa mkoa: alikuwa amemwona akipita. Kulikuwa na kompyuta moja ofisini kwa meneja wa mkonge, na kila asubuhi Irine aliipangusa vumbi kwa kitambaa chenye unyevu. Kufahamiana kwao kulikomea hapo. Lakini neno likishatoka halina mlango wa kurudia. Akaajiriwa kwa majaribio hadi mwisho wa muhula, na Brightness akashonewa sketi ya kijani ya Ikongwe. Jioni ile mama na mtoto walikula makande kwa furaha ambayo hawakuwa nayo tangu shamba liuzwe.

Kompyuta ikaja kweli. Aliyeileta ni mchungaji mgeni kutoka usharika huo, mtu wa masihara, ambaye aliifunga nyaya mwenyewe, akaiwasha, akaandika jina la shule kwenye skrini, na walimu wakapiga makofi. Jina la programu yake kuu lilikuwa Windows, na Mzee Eliufoo alipotafsiriwa kwamba maana yake ni madirisha, alisema ni jina zuri kwa kitu cha kuchungulia. Printa ilikuwa mpya, ingali ndani ya boksi lake. Mgeni alikuwa na safari ya kurudi Moshi kabla ya giza, kwa hiyo alisema hiyo itafunguliwa na fundi wao. Watu wote wakamgeukia Irine, naye akatabasamu.

Kesho yake boksi likafunguliwa mbele ya Mkuu na walimu waliokuwa na nafasi. Ndani mlikuwa na printa yenyewe, waya, wino, maboya meupe ya kuzuia mtikisiko, na kisahani kimoja chembamba chenye tundu katikati, kinachong'aa rangi zote za upinde wa mvua. Mkuu alikigeuza, akajitazama meno ndani yake, akauliza ni cha nini. Hapo ndipo mtu mwingine angesema sijui, na hadithi hii isingekuwepo. Irine alikitazama kwa utulivu wa mtaalamu akasema ni pambo tu la kiwandani.

Mwalimu Veneranda, aliyesimamia shamba la shule, akakiomba. Ndege walikuwa wanafukua mbegu zake za mahindi tangu mvua za kwanza, na alikuwa amesikia kwamba huogopa vitu vya kumetameta. Mkuu akamruhusu. Boksi likachukuliwa na mpishi kwa ajili ya kuku wake aliyetaka kuatamia. Kila mtu akaondoka na chake.

Wiki za mwanzo zilikwenda salama. Herufi za kompyuta zilikuwa zimekaa palepale zinapokaa katika taipureta, kwa hiyo Irine aliandika mitihani kwa kasi iliyowaacha walimu midomo wazi. Alijifunza mwenyewe kuhifadhi kazi, kwa kubahatisha na kwa sala. Tabu ilianza alipotaka maandishi yatoke kwenye skrini yaende karatasini. Alifunga mlango wa ofisi, akafuata maelezo ya Kiingereza hatua kwa hatua, akafikishwa kwenye orodha ndefu ya majina ya printa. Jina la printa yake halikuwemo. Akachagua lililofanana nalo, kama mtu anayemwazimia mgonjwa dawa ya jirani kwa kuwa wote wanakohoa.

Printa ikanguruma, ikameza karatasi na kuitema. Juu yake hapakuwa na mtihani wa Historia. Palikuwa na mistari ya alama zisizosomeka, nusu herufi nusu wadudu, na kabla hajajua azime wapi, karatasi nyingine ikatoka, na nyingine, zote zikiwa na wadudu walewale. Irine akachomoa waya ukutani. Akazikusanya zile karatasi, akazisukumia ndani ya kikapu chake chini ya kanga, na usiku huo zikawa kuni za kupikia. Brightness aliuliza kwa nini moto wa leo unanuka wino. Mama yake akamwambia akoroge chungu.

Akajaribu tena siku nyingine, kwa njia nyingine, na safari hii mashine ikamjibu waziwazi. Irine aliisoma ile sentensi polepole, akiitafsiri neno kwa neno kwa Kiingereza chake cha barua za ofisi: Madirisha yameshindwa kumpata dereva. Chini yake kulikuwa na agizo la kutia ndani diski iliyokuja na printa. Diski alizijua. Zilikuwa vile vibapa vyeusi vya mraba ambavyo meneja wa mkonge alivipanga mezani, na hapa shuleni hakuna kibapa chochote kilichokuja. Lakini huyo dereva alimshinda kabisa. Dereva wa kwenda wapi?

Angeweza kuuliza. Mwalimu Gregori, aliyefundisha Kiingereza na michezo, alikuwa chumba cha pili tu, na alikuwa mtu asiyemcheka mtu. Irine aliinuka hata akaushika mlango. Kisha akamfikiria Mkuu akisikia kwamba mtaalamu wake anauliza uliza, akaketi tena. Alikuwa na hofu, na hofu ile ilikuwa inamla. Alipungua hata sketi zake zikaanza kuzunguka kiunoni.

Mtihani wa majaribio wa kidato cha nne ulikuwa umekaribia, nayo mashine ya kudurufu ya zamani ilikuwa imekufa kifo cha uzee. Mkuu akaja mlangoni akauliza kwa upole mbona karatasi hazionekani. Irine akamjibu kwa ukweli mtupu, ila kwa sauti ya daktari anayelitaja gonjwa kubwa.

"Inadai dereva, Mkuu."

Mwalimu Sadock alitikisa kichwa taratibu. "Aa, dereva. Hilo nililitarajia."

Hakuwa amelitarajia wala hakulijua. Ila alikuwa amekaa miaka ya chuo akijifunza kutikisa kichwa mahali pasipoeleweka, na ujuzi huo ulikuwa haujamtupa. Njiani kuelekea nyumbani akajieleza mwenyewe kwamba bila shaka kompyuta kubwa zina mtu maalumu wa kuziendesha, na huyo ndiye dereva. Jumapili, baada ya ibada, akamwambia Mzee Eliufoo kwamba ile mashine ya Wajerumani imekwama, inahitaji dereva. Alisimama upande wa sikio la kushoto. Mzee alisikia mashine, akasikia Wajerumani, akasikia dereva. Akawaza kwamba labda wameletewa trekta na yeye hakuarifiwa, lakini mwenyekiti wa bodi hawezi kuuliza kitu ambacho alitakiwa awe anakijua. Akasema dereva atapatikana. Jumatatu akateremka Same kupeleka sampuli za kahawa, na kule stendi akamkuta mtu aliyemtafuta.

Ndivyo ilivyokuwa kwamba asubuhi moja, Irine akiwa ameketi mbele ya skrini akiitazama sentensi ileile, mlango ukabishwa hodi na akaingia mwanamume wa makamo, suti yake ya kaki imepigwa pasi ikakaza, viatu vina vumbi la kupanda mlima kwa miguu, leseni iko mkononi ndani ya mfuko wa nailoni. Alikuwa Hamdani, Mha wa Kasulu, aliyeletwa na mkonge akiwa kijana na baadaye akaendesha lori la shamba mpaka siku lilipouzwa pamoja na kila kitu. Walikuwa wamefanya kazi ndani ya uzio mmoja, yeye na Irine.

"Shikamoo, kaka Hamdani," Irine alisema, akisimama.

"Marahaba, mama Brightness. Kumbe uko huku? Nimeambiwa kuna mashine ya Wajerumani imekosa dereva, nimekuja. Iko banda gani?"

Irine alitaka kucheka, akajizuia. Aliiona ile suti. Alijua kwamba mtu huyu aliamka alfajiri akaipiga pasi kwa mkaa wa kuazima, akapanda mlima wote ule na matumaini yake. Akamvutia kiti, akamwelekeza kwenye skrini, akamwambia kwamba mashine ndiyo hii na banda lake ndilo hili.

Hamdani aliinama, akasoma kwa kidole, akaishia kwenye neno lake. Halafu akacheka, kicheko cha mtu aliyepoteza kitu na akaamua kutokigombania, akaketi na kufuta vumbi la viatu kwa leso. Akauliza sasa huyo dereva wa humu ndani ni mtu gani. Irine akasema hajui. Hamdani akamtazama.

"Na kazi yenyewe ya kompyuta, unaijua?"

Kwa mtu mwingine yeyote pale mlimani, Irine angekuwa na jibu. Lakini huyu alikuwa amemwona kwa macho yake akiipangusa vumbi kompyuta ya meneja. "Siijui," akasema. Ilikuwa mara ya kwanza kulitamka neno hilo, akahisi nafuu ya mtu anayevua kiatu kinachobana.

Hamdani hakushangaa wala hakumsimanga. "Mimi nikipewa gari geni, kwanza nauliza rivasi iko wapi. Wenzangu hucheka, wanasema dereva gani huyu. Nawaacha. Nikishalitoa bila kugonga ukuta wa bosi, kicheko kinaisha. Hawa wa hapa umewauliza?"

"Nikiwauliza nimejifukuza kazi. Na mtoto atavua sare."

"Mtihani usipotoka utafukuzwa vilevile, mama Brightness. Tofauti ni kwamba utakuwa hujapata hata wa kukusaidia."

Nje kulisikika fimbo ikigonga saruji. Mzee Eliufoo alikuwa amepanda kuja kumwona dereva wake akifanya kazi, na kwa kuwa ilikuwa saa ya chai, walimu wengine nao walitoka na vikombe vyao kumfuata. Ofisi ikajaa. Wakasalimiana, mzee akapokea shikamoo zake zote kwa utaratibu, kisha akachungulia dirishani upande wa uwanja, akachungulia upande wa jiko, akauliza trekta limeegeshwa wapi.

Walimu wakaangaliana. Mkuu yalipomfunukia yaliyotokea, uso wake ukabadilika, na Irine aliyaona maneno yakipangwa nyuma ya miwani ile: kwamba Mzee alisikia vibaya, kwamba sikio lile la kushoto limeleta vichekesho tena. Watu wangecheka, chai ingemalizika, na siku ingepita. Hakuna ambaye angemwuliza Irine chochote. Alichotakiwa kufanya ni kukaa kimya nyuma ya sikio la mzee.

Alishindwa. Alimtazama Hamdani na suti yake, akamtazama mzee aliyesimama katikati ya chumba akingoja kujibiwa, akaona haya kuliko alivyowahi kuona hofu.

"Mzee hakusikia vibaya," akasema. "Kosa ni langu. Mkuu, mimi kompyuta siijui. Niliwaambia naifahamu kwa sababu nilikuwa na shida ya kazi na mtoto hana shule. Naweza kuandika tu. Kuchapa kumenishinda tangu siku ya kwanza, na karatasi nilizoharibu nimezichoma. Huyo dereva inayemdai simjui ni nini. Naomba anayejua anisaidie."

Mkuu aliuliza, kwa sauti iliyokauka, kama anaelewa anachosema. Irine akasema anaelewa. Machozi yalikuwa karibu, lakini hakuinamisha kichwa.

Mzee Eliufoo akagonga fimbo sakafuni. Alitaka asomewe kilichoandikwa, neno kwa neno, na asomewe kwenye sikio la kulia. Mwalimu Gregori akaweka kikombe, akasogea, akasoma na kufasiri. Gregori naye dereva huyo wa mashine hakumjua, akakiri hivyo bila aibu. Lakini alipofika kwenye agizo la mwisho, akasimama.

"Hii diski inayodaiwa, umeitafuta?"

Irine akaeleza kwamba vile vibapa vya mraba havikuletwa.

"Mraba kwa nini? Diski ni kitu cha duara, bapa. Ndilo neno lilelile la mchezo wangu. Nikiwafundisha watoto kurusha kisahani, kwa Kiingereza ninafundisha nini? Discus!"

Mwalimu Veneranda alikuwa anapuliza chai yake. Akaacha kupuliza. "Kisahani," akasema polepole. "Jamani, kisahani kiko kwenye mahindi."

Wakatoka wote. Kama kuna mtu aliyepita barabarani wakati ule, basi aliona bodi, utawala na walimu wa Ikongwe wakikimbilia shambani kwa msafara, mzee na fimbo yake hakuachwa nyuma sana. Kisahani kilikuwa kinaning'inia kwa uzi kwenye fito, kinazunguka na upepo na kurusha miali huku na huko. Njiwa mmoja alikuwa ametua juu ya fito hiyo hiyo. Ndege walikuwa wamekwisha kukizoea, na mbegu walikuwa wanaendelea kufukua. Veneranda akakifungua, akakifuta vumbi kwa upindo wa kanga yake, kwa uangalifu wa mtu anayemfuta mtoto macho.

Kurudi ofisini, likazuka swali la kinapoingilia. Hakuna aliyejua, na ajabu ni kwamba sasa kila mtu alilisema hilo kwa sauti. Hamdani akauliza mlango wa mashine uko wapi, maana kila kitu kinachopakiwa kina mlango. Mmoja akabonyeza hapa, mwingine akabonyeza pale, na ghafla kisinia kikachomoza kama ulimi. Kisahani kikalazwa juu yake, kikamezwa. Gregori akawa anafasiri kila sentensi inayotokea, Irine akawa anabonyeza. Mahali walipobishana, walirudi nyuma wakasoma upya. Mkuu mwenyewe alikuwa amesimama nyuma ya kiti na miwani imeshuka puani, naye alikuwa wa kwanza kuona kwamba jina halisi la printa yao sasa limo katika orodha.

Printa ikanguruma. Irine alifumba macho, akawaza wale wadudu. Aliyafumbua aliposikia Gregori akisoma. Ilikuwa karatasi ya kujaribia iliyotungwa na mashine yenyewe, safi, herufi zimesimama wima, na sentensi yake ya kwanza ilikuwa ya pongezi. Alipoikamata ilikuwa bado ina joto, akalia mbele ya watu wote wala hakujali.

Wakiwa bado wanaipokezana karatasi ile, ndipo ikaeleweka pia dereva ni nani. Gregori alisoma maelezo yaliyobaki kwenye skrini akasema ni programu ndogo tu, inayochukua maneno ya kompyuta na kuyageuza yawe maneno ambayo printa inayaelewa. Hamdani akasikiliza mpaka mwisho. "Huyo si dereva," akasema, "huyo ni mkalimani. Wangemwita jina lake nisingepanda mlima." Hata Mkuu akacheka. Hamdani alilishwa chakula cha mchana, akapewa mkungu wa ndizi, na akateremka Same ndani ya gari la mnunuzi wa kahawa, ameketi mbele karibu na dereva, akimweleza wazi kwamba anatafuta kazi.

Furaha ya karatasi haikufuta deni. Mtihani ulipokwisha kuchapwa, Irine aliitwa ofisini kwa Mkuu, akamkuta na Mzee Eliufoo. Alikuwa amejiandaa. Alikuwa amemwambia Brightness aikunje sare vizuri, maana huenda ikarudishwa.

Mwalimu Sadock alisema uongo ni uongo hata ukizaa karatasi nzuri. Kisha akavua miwani na kuishika mkononi. Akasema siku ile mgeni wa Ujerumani anaondoka alimwuliza kama shule ina mtu wa kupeleka kwenye mafunzo ya kompyuta Moshi, bure, chakula na malazi kwa gharama ya kanisa, kwa ajili ya mtu yule atakayeitunza mashine. "Nikamwambia ahsante, wetu anaifahamu tayari. Awape wengine." Akaongeza, kwa taabu, kwamba yeye pia lile neno dereva alilitikisia kichwa bila kulijua, kwa hiyo hana pa kusimama sana.

Wiki zote zile Irine alizofunga mlango, alizochoma karatasi, alizokonda, kiti chake kilikuwa kinamngoja Moshi, na aliyekifukuza ni yeye mwenyewe kwa neno moja. Alisema hivyo.

"Tungempelekaje kozini mtu anayejua?" Mzee Eliufoo aliuliza, si kwa ukali. Akamgeukia Mkuu. Akasema nafasi ikitolewa kwa mdomo huombwa kwa mdomo, na yeye Jumatano anakwenda Moshi na kahawa yake. Majaribio ya Irine yarefushwe muhula mmoja, iwe adhabu yake. Mtoto abaki darasani, kwa sababu mtoto hakusailiwa.

Nafasi ilipatikana, ya kundi lililofuata. Siku ya kwanza Irine aliketi nyuma kabisa katika chumba kilichojaa makarani wa Mwanga, wa Rombo na wa Same, watu wenye tai na mikoba, kila mmoja mbele ya skrini yake. Mwalimu wa mafunzo alisimama akauliza ni nani kati yao hajui kitu chochote kuhusu kompyuta. Tai zikarekebishwa. Mikoba ikapekuliwa. Mkono mmoja tu ukainuka, wa mama mmoja kutoka Ugweno. Mwalimu akamwita mbele, akamkalisha kwenye mashine iliyokuwa karibu na meza yake, akaanza kumfundisha kuanzia swichi ya kuwashia, huku wale wengine wote wakirefusha shingo nyuma ya mgongo wake ili wasipitwe na neno. Siku ya kufunga, cheti cha kwanza kilisomwa kwa jina la Irine, na wengi wa wale wenye tai walirudi ofisini kwao kama walivyokuja. Mficha uchi hazai.